Gereza Lililokuwa Tumboni mwa Chatu

— Jamani, nina ngano!
— Ilete!
— Ni ya uongo!
— Ndiyo tuipendayo!
— Nikitia chumvi?
— Tutalamba!
— Na nikisema kweli?
— Tutajifanya hatukusikia!

Haya basi, sogeeni. Na wewe unayekohoakohoa hapo, maliza sasa hivi, maana nikishaanza sitaki kukatizwa. Mimi hukatizwa na mume wangu tu, na leo hayupo.

Zamani, zamani za wanyama kusema na kuitana mikutano, palikuwa na nchi iitwayo Majabalini. Mawe juu, mawe chini, na katikati njia moja ya kwenda kisimani. Kuizunguka nchi kulikuwa na ua wa miiba, na ule ua ulikuwa na tundu. Tundu lenyewe halikuwa kubwa. Kila aliyepita aliliona, akasema, "Mtu alizibe hili," akaendelea na safari yake. Mnajua mambo yalivyo.

Ikaingia balaa ya wizi. Kanga alitaga mayai saba, akaenda kunywa maji, akarudi akakuta manne. Kwale alikuwa na watoto sita, akaenda kuchakura, akarudi akakuta watano. "Nani? Nani?" Hakuna aliyejua.

Sasa katika nchi ile alikuwepo msomi mmoja, Daktari Korongo. Kazi yake ilikuwa kuandika. Aliandika juu ya majani ya mgomba: serikali ni nini, mhalifu hutoka wapi, mwananchi afanyweje ili atulie. Alikuwa na miguu mirefu na maneno marefu. Akisema "kwa upande mmoja," alisimama mguu wa kushoto. Akisema "lakini kwa upande mwingine," alihamia mguu wa kulia. Ukimsikiliza kutoka asubuhi mpaka adhuhuri, ulichoka wewe. Yeye hachoki, kwani mguu mmoja ulikuwa mapumzikoni siku zote.

Baraza likakaa. Mwenyekiti alikuwa Nyati, ambaye alikubaliana na kila msemaji wa mwisho. Daktari Korongo akakunjua jani lake, akasoma:

"Ua ukitoboka tundu dogo, na tundu lisizibwe, apitaye husema: hapa hapana mwenyewe. Leo tundu, kesho mdokozi, keshokutwa jambazi. Kwa hiyo tusidharau makosa madogo."

Wanyama wakapiga makofi. Hawakuelewa sana, lakini lilisomwa vizuri.

Ndipo akainuka Chatu. Mnene! Mrefu! Akasema, "Ndugu zangu, nimemsikia Daktari. Makosa madogo ndiyo yanayotumaliza. Basi nipeni mimi kazi ya Mkuu wa Usalama. Sina mikono, sitapokea rushwa. Sina miguu, sitakimbia kazi. Na gereza ninalo mwenyewe hapa tumboni, halitaki tofali wala bati."

"Sina mikono, sitapokea rushwa!" Loo, wanyama walishangilia mpaka mawe yakatikisika. Hakuna hata mmoja aliyemwuliza kuhusu mdomo.

Chatu akapewa cheo. Siku hiyo hiyo akatangaza sheria: "Atakayetupa taka njiani, atamezwa. Atakayetema mate, atamezwa. Atakayepiga miayo bila kuziba kinywa, atamezwa. Awe nani, awe wa nani. Hakuna msamaha, hakuna undugu!"

Na kazi ikaanza. Sungura akaruka mbele ya Mkuu huyo: gubu! Akamezwa. Kenge akatoa ulimi. Masikini, ulimi wa kenge hutoka wenyewe! Gubu! Akamezwa. Na kila akimeza, Chatu aliimba:

*Kosa dogo, kosa dogo,*
*ingia ndani, kosa dogo!*
*Kubwa halijaja bado,*
*ingia ndani, kosa dogo!*

Sasa sikilizeni utaratibu wa gereza lile. Siku ya kwanza mpaka ya sita, mahabusu hukaa mzima, ila joto. Siku ya saba tumbo huanza kusaga. Na aliyekwisha kusagwa hakati rufaa.

Je, wizi ulikwisha? Kanga alikuwa na mayai manne, akabaki na mawili. Kwale alikuwa na watoto watano, akabaki na watatu. Wakaenda kulia kwa Chatu. Chatu akatikisa kichwa kwa huzuni, akasema, "Mnaona? Uhalifu ni mkubwa kuliko tulivyodhani. Niongezeeni madaraka." Akaongezewa.

Mnacheka? Chekeni tu. Kwani nyinyi mnaishi nchi gani?

Sasa, katika majabali yale aliishi Pimbi na mkewe, Bi Mashavu, na watoto wao wanne. Pimbi mnamjua: kinyama kidogo, hana mkia, hana pembe, ukimwona juu ya jiwe unadhani ni kipande cha jiwe. Ila kichwani, weee! Pimbi alikuwa amekwenda kumsaidia shemeji yake kuhamia pango jipya. Akakaa siku sita. Aliporudi akakuta jiko limepoa na watoto wamejikunyata.

"Mama yenu yuko wapi?"

"Amemezwa," akasema mkubwa wao, Shauri. "Alikuwa anakula ukwaju, akatema kokwa njiani. Chatu akasema kokwa ni taka."

"Lini?"

"Siku ile ile uliyoondoka, baba."

Pimbi akahesabu kwa vidole. Siku sita. Kesho tumbo linasaga! Akakaa chini pale pale mlangoni, akalia, maana alimpenda mkewe, ingawa alikuwa hajapata kumwambia hivyo, kama mlivyo nyinyi wanaume wa hapa.

Kisha akainuka. Akapanda jabali, tia! tia! tia! mpaka kwa Daktari Korongo.

"Daktari, shikamoo. Mke wangu amemezwa kwa sababu ya maandishi yako."

"Marahaba. Kwa upande mmoja, pole sana," akasema Korongo, mguu wa kushoto. "Lakini kwa upande mwingine," mguu wa kulia, "mimi sikuandika watu wamezwe. Niliandika tundu lizibwe. Jani la pili limeeleza yote: zibeni ua, juaneni na majirani, mlinzi awajue watu kwa majina. Chatu hakulisoma jani la pili."

"Kwa nini?"

"Alifutia mdomo."

"Basi njoo ukamwambie!"

"Ah, mimi ni mtafiti, bwana. Nikimwambia, utafiti utaingiliwa na siasa." Akaishusha sauti. "Tena na shingo hii, nitateleza mpaka ndani bila kutafunwa."

Pimbi akashuka jabali, tia! tia! tia! mpaka kwa Mwenyekiti Nyati.

"Mwenyekiti, mke wangu amemezwa kwa kokwa la ukwaju."

"Jambo zito hilo. Alete barua ya malalamiko."

"Mwenyekiti, yumo tumboni."

"Nimekuelewa. Basi akitoka, alete barua."

Pimbi akaondoka, hasira zimempanda mpaka manyoya yamesimama. Akashika njia ya kisimani kichwa chini. Alipofika kwenye mkwaju, akakanyaga kitu. Chakara! Akapiga hatua tena. Chakara-chakara! Akatazama. Kumbe njia nzima, kutoka shina la mkwaju hadi karibu na kisima, imelazwa kitu cheupe, chembamba kama karatasi.

Ilikuwa ngozi ya Chatu. Nawaambieni mapema msije mkajisumbua kubuni. Chatu alikuwa ameshiba, akalala, na katika kujigeuzageuza kwenye shina la mkwaju akajivua ngozi bila habari. Na nyoka hujivua ngozi kama mtu avuavyo soksi: ndani inakuwa nje. Alipoamka akaondoka zake. Chatu hajapata kugeuka kutazama alikotoka hata siku moja. Yeye hutazama mbele, kwenye chakula.

Pimbi akainusa ile ngozi. Akaipima kwa hatua. Kisha akacheka, kicheko chake cha kwanza tangu afike nyumbani. Akakimbia, tia! tia! tia! mpaka kwa Chatu, aliyekuwa amejikunja juani, ngozi mpya inang'aa, tumbo limejaa nundunundu. Nundu moja ilikuwa Bi Mashavu. Pimbi akaiona, akapaza sauti.

"Mkuu! Mkuu! Mhalifu!"

Chatu akafungua jicho moja. "Mdogo au mkubwa?"

"Ametupa taka njiani, Mkuu. Taka imeanza kwenye mkwaju, imeishia kisimani!"

Jicho la pili likafunguka. "Ndefu hivyo? Na mwenyewe je? Mnene?"

"Mkuu, alipopita nyasi zimelala. Huyo hajafunga hata siku moja. Amenona kila upande."

Ulimi wa Chatu ukatoka: fyu! fyu! "Yuko wapi?"

"Ukiita baraza, hatakosa kuja. Ila, Mkuu, mimi ni mdogo, sijui mambo ya utawala..."

"Sema."

"Gereza limejaa. Huyu mrefu atakaa wapi?"

Chatu akajitazama tumbo. Kweli, hata mende asingeingia. "Niwatapike hawa? Nimewatolea jasho!"

"Hawa ni vidagaa, Mkuu. Kesho watapiga miayo tena, utawazoa tena. Lakini jambazi huyu akikuponyoka, ndiyo basi. Na ukiwatoa mbele ya baraza utasema ni msamaha wa Mkuu wa Usalama. Watakupigia vigelegele."

"Vigelegele?"

"Vigelegele na mbinja."

Mbiu ikapigwa. Wanyama wote wakaja. Ngozi ikalazwa katikati ya uwanja. Wengi waliitazama ngozi, wakamtazama Chatu, wakatazamana, wakatazama mawinguni. Nani apige miayo?

Chatu akainua kichwa. "Wananchi! Mmeiona taka hii. Naapa mbele yenu: mwenye taka hii nitammeza leo, hapa hapa, kabla jua halijavuka lile jabali. Awe nani, awe wa nani. Nisipommeza, cheo changu kivunjwe! Na ili mjue nina huruma, wahalifu wadogo nawasamehe."

Akajikunja, akajikunjua. Bwaa! Akatoka Sungura, masikio yamelowa. Bwaa! Akatoka Kenge, ulimi ndani, kaufunga kwa meno. Bwaa! Bwaa! Digidigi, Kicheche, Ngedere wawili. Pimbi anatazama mmoja mmoja. Mke hayupo. Bwaa! Njiwa. Bado hayupo. Chatu akasema, "Nadhani wamekwisha."

"Bado, Mkuu!" Pimbi akapiga kelele mpaka sauti ikakatika. "Bado nundu moja!"

Bwaa! Akabingirika Bi Mashavu, manyoya yamegandamana, macho yanafumbafumba kwa mwanga. Mzima!

Lakini tumbo likishafunguka halichagui. Bwaa! Yakatoka mayai. Moja, mawili. Bwaa! Wakatoka watoto wawili wa kwale wakilia pii! pii! pii!

Kanga akasema polepole, "Yale ni mayai yangu."

"Ni vielelezo," akasema Chatu haraka. "Nimevihifadhi kwa ajili ya kesi. Tusitoke nje ya mada! Mhalifu ni nani? Wapimwe!"

Wakapimwa. Kenge akalazwa juu ya ngozi: mfupi mno. Nyati akajaribu kuivaa: ikakwama kwenye pembe. Twiga akaingiza shingo, mwili ukabaki nje. Mmoja mmoja, mmoja mmoja, na Chatu anazidi kuona njaa, maana tumbo lake halijapata kuwa tupu namna ile tangu apewe cheo.

Pimbi akainua mkono. "Mkuu, bado mmoja tu. Afadhali na wewe upimwe, wasije wakasema umejipendelea."

"Mimi?" Chatu akacheka. "Pima! Mtu safi haogopi kupimwa."

Akajinyoosha kando ya ngozi. Kichwa kwa kichwa. Tumbo kwa tumbo. Mkia kwa mkia. Hata kovu alilopata utotoni lilikuwepo, mahali pake.

Daktari Korongo akasogea, akainama, akachunguza. "Kwa upande mmoja," mguu wa kushoto, "ni yake." Akafikiri. "Lakini kwa upande mwingine," mguu wa kulia, "ni yake vilevile."

Chatu akababaika. "Ngoja! Ngozi ni yangu, sikatai. Lakini mimi ni Serikali. Serikali haitupi taka. Serikali huacha alama za maendeleo!"

Wanyama wakaanza kunung'unika. Nyati, kwa kuwa wanung'unikaji ndio walikuwa wasemaji wa mwisho, akakubaliana nao. "Mkuu, umeapa. Meza, au vua cheo."

Chatu akatazama kulia, akatazama kushoto. Cheo kilikuwa kitamu, enyi watu! Pimbi akaenda taratibu akakaa karibu na mkia wake.

"Pole, Mkuu," akasema kwa sauti ya chini. "Ni kazi ngumu. Ila mkia wenyewe huu, hata mimi nisiyekula nyama nauona. Umenona. Unang'aa. Umejaa mayai ya watu."

Ulimi ukatoka: fyu! fyu! Chatu akautazama mkia wake. Alikuwa hajapata kuutazama kwa makini. Mnene. Laini. Na tumbo linanguruma: ngruu! ngruu!

"Nitaonja kidogo tu," akasema. "Kwa ajili ya kulinda sheria."

Gubu! Akameza ncha. Mtamu! Gubu! Akameza shubiri. Gubu! Gubu! Na wanyama, kwa mara ya kwanza, wakauimba wao wimbo ule:

*Kosa dogo, kosa dogo,*
*ingia ndani, kosa dogo!*
*Mkubwa amekuja leo,*
*ingia ndani, kosa dogo!*

Gubu! mpaka nusu. Gubu! mpaka mkia ukabana kooni. Mbele haendi, nyuma harudi. Chatu amekuwa duara, macho yamemtoka, na kusema hawezi, amejijaza mdomo. Pimbi akamgusa kwa kidole kimoja tu. Kidogo hivi. Chatu akaanza kubingirika. Biringi! Biringi! Biringi-biringi-biringi! Akashuka bondeni, akapita pale pale penye tundu la ua, akaacha tundu la ukubwa wa nyumba, akapotea. Wasafiri husema bado hajasimama.

Pimbi akamkimbilia mkewe, akamshika mikono miwili. "Mama Shauri, nilidhani nimekukosa. Nimelia mlangoni kama mtoto. Nakupenda, umesikia? Nakupenda, na watu wote hawa wanasikia."

Bi Mashavu akafuta uso. "Nimesikia, Baba Shauri. Lakini siku sita kwa shemeji yako? Pango lenyewe lina vyumba vingapi?"

Wakaenda nyumbani, wakawasha jiko, watoto wakala. Kesho yake wanyama wote wakaenda kuziba ua, maana sasa tundu lilikuwa kubwa mno hata Nyati aliliona. Kanga akabeba miiba, Kwale akabeba miiba, Kenge akashika kamba kwa ulimi. Daktari Korongo hakubeba kitu. Alisimama kando, mguu mmoja, akiandika jani jipya, kwamba sera yake imefaulu.

Basi, funzo. Najua mnalisubiri, na wengine mmeshaanza kujitungia la kwenu, kwamba eti ngano hii inawasema wakubwa. Nyamazeni! Ngano hii inafundisha kuheshimu vyombo vya usalama. Hebu fikirini wenyewe. Chatu alikuwa Mkuu wa Usalama kwa siku sita nzima, na katika siku zote hizo alikamata mhalifu mmoja tu wa kweli. Mmoja! Na alipommeza huyo, wizi ukakoma nchi nzima, yai halikupotea tena. Sasa atakayekuja kuniambia kwamba sheria kali haimalizi uhalifu, huyo ni mwongo, tena hapendi nchi yake.

— Ngano imechoka!
— Ilale!
— Ikiota ndoto mbaya?
— Itusamehe!
— Na aliyepiga miayo nilipokuwa nikisimulia?
— Si mimi! Si mimi! Si mimi!